Sefti ya Raifo Haibadilishwi Sebuleni

Ukitoka Mwanza mjini kwa barabara ya Shinyanga, Usagara ndipo njia inapogawanyika. Moja inaendelea kusini kwenda Misungwi na Shinyanga. Nyingine inakata magharibi kuelekea Kigongo, ambako miaka yote ya ujana wangu tulikaa foleni kusubiri kivuko cha kwenda Busisi, ng'ambo ya ghuba ya ziwa, na ambako tangu Juni 2025 magari yanapita juu ya daraja la kilomita 3. Wasafiri wanapajua mahali hapa kwa njia panda hiyo, kwa mahindi ya kuchoma na mabasi yanayosimama. Sisi wenyeji tunapajua pia kwa majabali, kwa mpunga unaolimwa mabondeni, kwa fisi wanaopita usiku, na kwa viboko wanaopanda kutoka ghubani kula kile ambacho mtu amekipalilia tangu Desemba.

Katika nyumba yetu kulikuwa na raifo. Baba alikuwa askari wa wanyamapori katika Pori la Akiba Biharamulo, eneo ambalo tangu 2019 limo ndani ya Hifadhi ya Taifa Burigi-Chato, na alipostaafu alirudi Usukuma na bunduki yake mwenyewe aliyoinunua kwa leseni. Ilikuwa ya bolti, ya mtindo wa Mauser, yenye kitako cha mti kilichosuguliwa na mikono mpaka kikawa cheusi. Ilikaa ndani ya kabati la chuma lililofungwa kwa boliti ukutani. Ufunguo wa kabati alikuwa nao baba. Risasi zilikaa kwenye sanduku jingine, chumba kingine, na ufunguo wa sanduku hilo alikuwa nao mama. Kwa hiyo bunduki ya nyumbani kwetu haikuweza kulia mpaka watu wawili wakubaliane, na katika maisha yangu yote chini ya paa lile sikumbuki siku waliyokubaliana kwa hasira.

Kila alipoitoa kuisafisha, baba alifanya jambo lile lile kwa mpangilio ule ule. Alielekeza mtutu upande wa jabali nyuma ya nyumba, ambako hapakuwa na njia ya watu. Alifungua bolti, akatazama chemba, akaingiza kidole kidogo kuhakikisha ni tupu, akatazama tena. Hapo ndipo alipoturuhusu sisi watoto kusogea. Sefti, kile kidude cha kuzuia bunduki isilie, aliigusa mwisho kabisa. Nilipomuuliza kwa nini asianze nayo, maana hiyo ndiyo kazi yake, alinijibu kwa Kiswahili kile cha kambini: "Ng'wanawane, mwanangu, sefti ni mlinzi wa zamu ya pili. Zamu ya kwanza ni yako."

Miaka michache baada ya meli ya MV Bukoba kuzama, Mei 1996, sefti ile ilianza kulegea. Baba aliligundua jambo hilo akiwa anasafisha: kidude kidogo cha chuma kilichoko nyuma ya bolti, ambacho kwa kawaida hukiwezi mpaka utie nguvu ya dole gumba, kilikuwa kinasogea kikiguswa na mkono wa shati. Usagara ina vumbi la kiangazi linaloingia kila mahali, na unyevu wa ziwa unaolala juu ya chuma usiku kucha wakati wa masika. Hakuna chuma kinachodumu bila kuangaliwa. Baba aliifunga raifo kabatini, akamwambia mama asimpe ufunguo wa risasi hata akiomba, na akasema itabaki hivyo mpaka itakapotengenezwa.

Mjomba wangu alikuja siku chache baadaye kutoka ng'ambo, upande wa Sengerema. Alikuwa mtu wa akili nyingi na mikono mizuri, na ninampa heshima hiyo kwa moyo wote kwa sababu hoja yake haikuwa ya kijinga. Usiku ule, shikomeni, yaani kwenye kikao cha jioni, wanaume wakiwa wameuzunguka moto na sisi vijana tumekaa nyuma yao, alitoa mfukoni kitambaa kilichokunjwa. Ndani yake kulikuwa na sefti ya raifo nyingine, kuukuu, ya mtindo unaofanana na ya baba.

"Shemeji," alisema, "hiki ni kipande kidogo kuliko kidole. Kuna fundi kwetu anafunga injini za mitumbwi, anatengeneza cherehani, anatengeneza plau, na magobore ya watu anayashika kila siku. Tukimwita kesho, kabla jua halijawa kali kazi imekwisha. Kwa nini upande basi mpaka mjini, uzungushwe na maofisi, ulale njiani, kwa kitu cha kuingiza na kutoa?"

Wengi walitikisa kichwa kukubali. Na hapa lazima msomaji ambaye hakukulia kijijini aelewe jambo moja. Sisi hatukuwa na desturi ya kupeleka vitu kwa wataalamu. Redio ilifunguliwa mezani. Baiskeli iligeuzwa magurudumu juu chini ya mwembe. Pampu ya maji, taa ya kandili, kufuli, saa ya mkono, vyote vilitengenezwa pale pale na mtu aliyejifunza kwa kutazama. Kumwambia mtu wa kwetu kwamba kuna kitu cha chuma asichoweza kukitengeneza mwenyewe ni kumgusa heshima yake. Upande ule wa ziwa, kwao mjomba, ndiko walikotoka Barongo, wafua chuma wa Uzinza waliokuwa wakiyeyusha mawe ya chuma na kufua majembe yaliyouzwa mbali kabla Mjerumani hajafika. Watu wa ukoo wa namna hiyo hawaogopi springi.

Baba alikichukua kile kipande, akakigeuza kwenye mwanga wa moto, akakirudisha mkononi mwa mjomba. "Shemeji, breki ya baiskeli ikikatika, anayeanguka ni mwenye baiskeli. Hii ikikosea, anayeanguka ni mtoto wa jirani anayechota maji. Kosa langu silipi mimi. Sasa nitamwitaje fundi wa kukisia?"

Mjomba alisema watajaribu kwanza bila risasi. Baba akamjibu kwamba jambo hilo ndilo linalomtia wasiwasi kuliko yote, maana sefti mbovu inaweza kushika mara zote utakazoijaribu ukiwa umetulia mezani, halafu iachie siku utakapojikwaa kwenye jiwe ukiwa na risasi ndani. Hawakugombana. Mjomba alikunja kitambaa chake, mazungumzo yakahamia kwenye bei ya pamba.

Safari ya Mwanza haikuanza na bunduki. Baba alikwenda kwanza polisi akiwa na leseni tu, akaeleza hitilafu, akauliza ni fundi gani anayeruhusiwa na bunduki isafirishwe vipi. Wakati ule tulikuwa chini ya Sheria ya Silaha na Risasi ya mwaka 1991. Aliporudi na maelekezo ndipo tulipoifunga kwa safari: bolti imetolewa na kuviringishwa peke yake, mwili wa raifo ndani ya mfuko wa turubai, risasi zimebaki nyumbani kwa mama. Aliniambia nimsindikize nibebe mfuko wa bolti. Nadhani alitaka nione kwa macho yangu.

Fundi alikuwa mzee mfupi mwenye miwani ya kamba. Kitu cha kwanza alichofanya ni kile kile cha baba: akaelekeza mtutu kwenye ukuta mnene, akatazama chemba ingawa aliona wazi kwamba bolti haimo. Baba akanitazama kidogo, bila kusema neno. Kisha wakaanza kuzungumza kama watu wawili waliosoma shule moja.

Nilijifunza mengi kwenye benchi lile, na nitayaeleza kwa kadiri ninavyoweza kwa sababu watu wengi wenye bunduki hawajawahi kuelezwa. Sefti si kitu kimoja. Katika bunduki nyingine inazuia kilimi tu kisivutike, na kile kilichoko nyuma ya kilimi kinabaki kimevutwa na springi, kinasubiri. Katika nyingine inazuia mtambo wa ndani ulioshikilia pini. Katika raifo za mtindo wa Mauser wa mwaka 1898 inashika pini yenyewe, ile inayogonga kitako cha risasi, na ina hali tatu. Ikilala kushoto bunduki iko tayari. Ikilala kulia pini imefungwa na bolti imefungwa. Ikisimama wima katikati, pini imefungwa lakini bolti inafunguka, na kwa hiyo mtu anaweza kutoa risasi zote bila bunduki kuwa tayari kulia hata kwa sekunde moja. Baba aliipenda sana hali ile ya katikati. Alisema aliyeibuni alikuwa amewahi kuwaza kuhusu mtu aliyechoka, anarudi nyumbani jioni, vidole vimekufa ganzi.

Fundi alipofungua bolti na kuitazama kwa kioo cha kukuza, alitikisa kichwa. Sefti, alisema, haikuwa na ubaya mkubwa. Kilichokuwa kimelika ni ule ukingo ambao sefti huegemea inapofunga, kwenye kipande cha nyuma cha pini. Vyuma viwili hivyo vilikuwa vimekutana maelfu ya mara kwa miaka mingi, na kimoja kilikuwa kimesagika. Baba akamweleza kuhusu kipande cha mjomba. Fundi akaweka kioo chini. Akasema sefti ile ya mkononi ingeingia vizuri, ingezunguka vizuri, ingetoa mlio mzuri, na mwenye bunduki angefurahi na kulala usingizi akiamini amepona, hali ugonjwa uko pale pale ulipokuwa. Vipande hivi, alieleza, hupatanishwa kimoja kimoja kiwandani. Vikitoka kwenye bunduki mbili tofauti, hata kama majina yaliyochongwa juu yake ni yale yale, huwezi kujua kwa jicho kama vinashikana kwa upana unaotosha au kwa upana wa unywele. Kwa hiyo kazi yake haikuwa kubadilisha kipande. Ilikuwa kupima, kusahihisha, kupima tena, kisha kuijaribu bunduki mahali pa kujaribia, ikigongwa na kutikiswa, pasipokuwa na mtu mbele.

Iliachwa kwake. Tulirudi kuichukua baada ya muda mrefu kuliko baba alivyotaka, ikiwa na karatasi yenye namba ya bunduki na maelezo ya kazi iliyofanyika, na baba akaipitisha polisi kuonyesha kwamba imerudi mkononi mwake. Gharama haikuwa ndogo. Aliuza ndama. Mama, ambaye ndama yule alikuwa na hesabu yake juu yake, hakusema kitu.

Nilipokuwa mtu mzima nilisoma habari iliyonirudisha kwenye benchi lile. Mwaka 2000, katika jimbo la Montana, Marekani, familia moja ilikuwa inarudi kutoka mawindoni. Raifo yao ilikuwa Remington Modeli 700, aina iliyoanza kuuzwa mwaka 1962 na kununuliwa na mamilioni ya watu. Muundo wa bunduki ile, kama wa nyingine za aina hiyo zilizotengenezwa kabla ya 1982, ulikuwa unafunga bolti sefti inapowekwa. Maana yake ni kwamba ili utoe risasi, lazima kwanza uondoe sefti. Mama wa familia aliondoa sefti ili atoe risasi, na bunduki ikalia. Alikuwa ameelekeza mtutu kwenye tela la farasi, si kwa mtu. Mwanawe wa miaka 9 alikuwa upande wa pili wa tela, na hakupona. Kampuni haikukubali kwamba kuna kasoro, lakini katika maridhiano ya kesi ya pamoja ambayo mahakama iliyaidhinisha mwaka 2017, wenye bunduki za aina ile walipewa nafasi ya kubadilishiwa mtambo wa kufyatulia bila malipo.

Nilisoma habari ile zaidi ya mara moja. Watu wale hawakuwa wazembe. Walikuwa na bunduki ya kiwandani, ya jina kubwa, katika nchi yenye mafundi wa kila namna. Ikiwa chuma kilichopimwa na wahandisi kinaweza kuzua mgogoro wa namna hiyo kati ya sefti, kilimi na pini, chuma kilichopachikwa kwenye meza ya chakula kina dhamana gani? Tena nilielewa kwa nini baba aliipenda sana ile hali ya katikati, sefti ikisimama wima.

Sihitaji kwenda mpaka Marekani. Ng'ambo ya ghuba, kijana mmoja niliyemfahamu kwa sura alikuwa na gobore lililotengenezewa springi na fundi wa kijijini. Gobore halina sefti. Lina nyundo, na nyundo ikivutwa nusu hunasa kwenye pengo dogo ndani ya mtambo, na pengo lile ndilo ulinzi wote ulioko kati ya nyundo na fataki. Katika gobore la kienyeji, lililotengenezwa kwa bomba la maji au chuma cha usukani wa gari, pengo hilo huchongwa kwa tupa kwenye chuma laini. Hulika haraka. Yule kijana alikuwa analiteremsha kutoka kwenye keria ya baiskeli, limeshashindiliwa tayari. Nyundo iliachia. Alibaki hai, lakini mguu ulikatwa juu ya goti. Fundi, ambaye hakukusudia ubaya wowote na aliyelipwa kuku wawili kwa kazi ile, aliuza ng'ombe wake kumsaidia kijana matibabu, kisha akahama.

Nimewahi kujiuliza kwa nini nchi yetu imejaa magobore kiasi hiki, na jibu moja liko kwenye karatasi za wakubwa. Mkataba wa Brussels wa mwaka 1890 uliosainiwa na mataifa ya Ulaya na mengine ulipiga marufuku kuingiza raifo katika sehemu kubwa ya Afrika, lakini uliruhusu, kwa masharti, bunduki za gumegume zisizo na mifuo ndani ya mtutu, pamoja na baruti ya kawaida. Mkataba huo ulivishwa vazi la kupambana na biashara ya watumwa, na kweli bunduki zilikuwa zimemwaga damu nyingi katika njia za misafara ya Unyamwezi na Usukuma. Lakini matokeo yake ni kwamba Mwafrika aliachiwa bunduki ya kushindilia, na mafundi wetu wakajifunza kuitengeneza na kuirithisha. Ustadi huo ni wa kweli na siudharau. Ninachosema ni kwamba ustadi wa kuifanya bunduki ilie ni mmoja, na ustadi wa kuifanya isilie ni mwingine kabisa, na huu wa pili hauonekani mpaka siku unaposhindwa.

Kuna kumbukumbu nyingine inayofanya Usukuma uangalie bunduki kwa jicho la pekee. Baada ya Vita vya Kagera, vilivyoanza Oktoba 1978 na kuiangusha Kampala Aprili 1979, silaha nyingi za vita zilipotelea mikononi mwa raia. Wezi wa ng'ombe waliokuwa wakija na mishale wakaanza kuja na bunduki. Zizi zima liliweza kusafishwa usiku mmoja. Hapo ndipo, mwanzoni mwa miaka ya 1980, upande wa Kahama na Shinyanga, watu wakaanzisha sungusungu, na utaratibu huo ukaenea mpaka kwetu. Kila mwanamume na upinde wake, mishale yake na filimbi yake, na mwano, yowe la hatari, ukilia hakuna wa kubaki kitandani. Jambo lililonivutia tangu utotoni ni kwamba sungusungu hawakuruhusu mtu kuwa na silaha ya siri. Upinde wako ulikaguliwa mbele ya wenzako. Aliyekuwa na silaha isiyojulikana alihesabiwa pamoja na wezi mpaka ajieleze. Baba, pamoja na leseni yake ya Serikali, aliwahi kuileta raifo mkutanoni ikiwa wazi bolti ili wazee waione na waijue. Hakulazimishwa na sheria yoyote. Alisema bunduki ya nyumba moja ni jambo la kijiji kizima, na kijiji kina haki ya kujua iko wapi na iko katika hali gani.

Ndiyo maana naiona kazi ya kubadilisha sefti nyumbani kuwa ni zaidi ya suala la ufundi. Anayeifanya hujipa mwenyewe mamlaka juu ya maisha ya watu ambao hawakuulizwa. Mlango wa sebule umefungwa, pazia limeshushwa, watoto wametumwa dukani, na mtu amekaa na bisibisi akijaribu kuamua peke yake kama majirani zake wako salama. Hana wa kumpima. Hana karatasi. Siku ikitokea ajali hakuna atakayejua kipande kilitoka wapi.

Sheria ya leo inalikubali wazo hilo. Sheria ya Udhibiti wa Silaha na Risasi ya mwaka 2015 ilifuta ile ya 1991, na mwaka uliofuata Jeshi la Polisi likaendesha uhakiki wa silaha nchi nzima: wamiliki wakaenda vituoni na bunduki zao na leseni zao, namba zikalinganishwa. Ukarabati wa silaha ni kazi ya mwenye kibali. Wengine wanaona ni usumbufu, na siwezi kusema foleni za kituoni ni fupi au kwamba kila wilaya ina fundi karibu. Mtu wa Ukerewe mwenye bunduki iliyoharibika ana safari ya majini kabla hajaanza safari ya nchi kavu. Ningependa Serikali ilitazame hilo, ipange siku za ukaguzi ambapo fundi aliyeidhinishwa anawafuata wamiliki wilayani, kama mabwana mifugo wanavyofuata ng'ombe kwenye josho. Watu wengi wanaobadilisha vipande nyumbani si wahalifu. Wamechoka na umbali.

Baba alipofariki, raifo ile haikugawanywa pamoja na ng'ombe. Baadhi ya ndugu walidhani mtoto wa kiume wa kwanza anairithi kama anavyorithi kigoda. Haiwi hivyo. Leseni ni ya mtu, haifuati damu wala ukoo, na mwenye leseni akifa bunduki inapaswa kupelekwa polisi, anayeitaka aombe upya kwa jina lake, apimwe yeye mwenyewe kama anafaa. Mama alitoa ufunguo wake wa sanduku la risasi mbele ya wazee wa ukoo, mimi nikatoa ule wa kabati, tukaandikisha vyote siku moja. Sikuomba kuimiliki. Sina mpunga wa kulinda, na kiboko akija siku hizi tunamwita ofisa wa wanyamapori, ambaye ndiye mwenye mamlaka hayo.

Lakini najua kwamba kuna nyumba nyingi kuzunguka ziwa hili ambamo bunduki ya marehemu bado iko darini, imeviringishwa kwenye gunia, na hakuna anayejua kama ina risasi. Najua kuna nyumba ambamo sefti imefungwa kwa waya au kwa mpira wa baiskeli. Kuanzia tarehe 1 Septemba hadi 31 Oktoba 2023 Serikali ilitoa msamaha kwa aliyesalimisha kwa hiari silaha aliyokuwa nayo bila kibali, na haikuwa mara ya kwanza. Waliotumia nafasi hiyo wamelala vizuri tangu hapo.

Ikiwa wewe ni mmoja wa hao wengine, usiifungue bunduki hiyo ili uitengeneze, usiijaribu, na usimruhusu rafiki mwenye mikono mizuri aijaribu kwa niaba yako. Kama ni yako na una leseni, na unajua kuitoa risasi, itoe, ifungie, na ufunguo wa risasi mpe mtu mwingine wa nyumbani unayemwamini. Kama hujui kuitoa, iache ilipo, funga chumba, toa watoto. Kisha nenda kituo cha polisi. Nenda kwanza mikono mitupu, bila bunduki, ueleze uliyonayo na hali yake, na usubiri wakuambie iletwe vipi.